Nilivyomwigiza Shangazi Akiwa Hai

Shangazi yangu, dada yake baba, alikuwa mtu pekee katika mikutano ya wakulima wa kahawa wa upande wetu wa Iyula aliyeweza kumfanya mwenyekiti avue miwani na kuifuta bila sababu yoyote. Aliacha kusema kwenye mikutano hiyo kwa sababu yangu, na mimi nilichukua miaka miwili kulijua hilo. Miaka yote hiyo nilikuwa na shughuli ya kuwa maarufu. Nikiulizwa siku hizi nilianzaje kuigiza, huwa natoa jibu fupi la kuwafurahisha watu, kisha napiga nao picha. Hapa nina nafasi, kwa hiyo nitaeleza vyote, pamoja na yale ninayoyaonea aibu.

Nilianzia msibani. Kwetu babu na mjukuu ni watani, na babu akifa, mjukuu anaruhusiwa kufanya mambo ambayo mtoto wa marehemu akiyafanya ataambiwa amerukwa na akili. Siku tuliyomzika babu mzaa baba, nikiwa kidato cha nne, nilivalishwa koti lake la kijivu, nikapewa fimbo yake, nikaambiwa nipite katikati ya waombolezaji. Hakuna aliyenifundisha. Nilijikuta tu najua kwamba babu alikuwa anasimama kila baada ya hatua chache akijifanya anakagua mawingu, ili watu wasijue kwamba amechoka. Nikatembea, nikasimama, nikakagua mawingu. Wanawake waliokuwa wanalia kwenye mikeka wakaanza kucheka huku machozi bado yanawatoka. Shangazi alicheka mpaka akashikilia mti wa turubai, akaniita, akanifuta vumbi mabegani na kuniambia, "Baba, umemrudisha mzee wetu."

Shangazi ananiita baba kwa sababu nimerithi jina la baba yake. Kwa hiyo siku ile alikuwa amempoteza baba mmoja na kucheka na mwingine, na mimi nilikuwa nimesimama mbele yake ndani ya koti linalonuka tumbaku, nikijiuliza swali moja tu: imekuwaje uso uleule ukalia na kucheka kwa wakati mmoja, na kipi kimeanza, macho au mdomo? Tangu siku hiyo nikawa mtu wa kuchungulia watu. Sikuwa nachungulia mambo yao, maana habari za nani kagombana na nani hazikunivutia hata kidogo. Nilichotaka ni kujua mtu akidanganya mkono wake unaenda wapi, na akiona haya anameza mate mara ngapi.

Nilipomaliza shule nikaenda Mpemba, nikapata kibarua cha kuziba pancha kando ya barabara kuu, mahali ambapo malori yanapanga foleni kusubiri zamu ya kuvuka mpaka pale Tunduma. Kama unataka kujifunza watu, nenda kakae na madereva wasio na la kufanya. Wanatoka kila upande, wanapika chini ya trela, wanagombana na kusalimiana kwa lugha tatu katika sentensi moja, mwingine anakusalimia "Mulishani" ya Kibemba na kabla hujajibu ameshaingia Kiswahili cha Dar. Nilikuwa nawaigiza wenyewe kwa wenyewe. Dereva akienda kununua vocha, mimi navaa kofia yake na kuwaonyesha wenzake jinsi anavyokagua tairi ambalo halina tatizo. Akirudi anakuta watu wamelala chini kwa kicheko, na kwa kawaida alicheka yeye kuliko wote. Nikaamini kwamba kila mtu hupenda kuigizwa.

Fundi mwenzangu pale gereji alikuwa na simu yenye kamera nzuri. Siku moja mvua ilikuwa imetufungia ndani ya kibanda, hakuna kazi, nikajitanda gunia kama kitenge na kumwigiza shangazi. Sikuwa na sababu maalumu. Alikuwa ndiye mtu niliyemjua kuliko wote, kwa kuwa ndiye aliyenilea tangu mama alipofariki.

Inabidi nieleze shangazi alivyokuwa anauliza. Kwanza hakuwahi kupaza sauti. Alikuwa anasimama, anakibana upya kitenge chake chini ya kwapa, ananyoosha kiganja cha kushoto kuelekea chini kama anayetuliza vumbi, kisha anasema, "Nauliza tu, sigombani." Baada ya hapo swali linatoka, dogo, safi, la mtoto wa darasa la pili, na anayeulizwa anaanza kutokwa jasho. Nakumbuka siku alipokuja bwana mmoja kutusifia mbolea mpya, akaisifia tangu asubuhi mpaka jua likatupiga utosini. Shangazi akasimama. "Nauliza tu, sigombani. Hii mbolea, wewe shambani kwako uliiweka lini?" Yule bwana hakuwa na shamba. Mkutano ukaishia pale, watu wakaenda kula.

Basi ndani ya kile kibanda nikabana gunia kwapani, nikanyoosha kiganja, nikamfikisha shangazi mpakani. Niliigiza kwamba amebeba kuku anaenda kumsalimia ndugu yake Nakonde, upande wa Zambia, na askari wa mpaka amemdai pasi. "Nauliza tu, sigombani," nikasema kwa sauti yake, kwa lafudhi yake ya Kinyiha, kwa pumzi yake. "Huu mpaka wenu, mlipokuja kuuweka juu ya ukoo wetu, nyie mlitupa pasi?" Fundi mwenzangu alicheka mpaka simu ikamtikisika mkononi. Akaisambaza video ileile aliyonirekodi, na mtikisiko wake. Kufikia jioni ya pili dereva mmoja aliyetoka Makambako akanionyesha video yangu mwenyewe, akaniuliza kama namfahamu huyo mama.

Tulipoona inapendwa tukataka kuifanya vizuri. Nikaenda Iyula, nikamwomba shangazi kitenge kikuukuu na kilemba. Nilimwambia ni vya kufutia mikono gereji. Kwa nini nilidanganya, wakati kichwani mwangu nilikuwa namtukuza? Swali hilo nimejiuliza mara nyingi na jibu lake silipendi. Mwenyewe aliingia ndani, akakaa kidogo, akatoka na kitenge kizuri cha maua ya bluu, kimefuliwa na kupigwa pasi. Akasema hawezi kumpa mtoto wake matambara.

Kwa kitenge kile nikatoka kimaisha. Shangazi akaenda benki, shangazi akaenda hospitali, shangazi akamhoji mchungaji, shangazi akapanda lori la shaba kwenda Dar es Salaam na kumfundisha dereva kupiga honi kwa adabu. Kila klipu ilikuwa na ule msemo, na msemo ukawa wa watu wote. Nyanya zikipanda bei sokoni Tunduma, wateja wanaambiana "nauliza tu, sigombani." Bodaboda wakaubandika kwenye vizuia matope vya pikipiki. Nilianza kuitwa kusherehesha harusi, Vwawa leo, Ruanda yetu ya jirani kesho, hata ng'ambo ya mpaka walinialika, na kichwa kikavimba taratibu bila mwenyewe kukisikia.

Kuhusu shangazi nilijiambia hajui. Simu yake ilikuwa kitochi, na redio yake ilishika kituo kimoja. Hata hivyo kuna siku, katikati ya umaarufu ule, nilipiga moyo konde nikamuuliza kwa simu kama watu wa kule wanasemaje juu ya kazi yangu. Akajibu, "Wanacheka."

Nikafurahi. Ninyi msiofanya kazi hii mtaona ni ujinga, lakini ukimwambia mchekeshaji kwamba watu wanacheka, haulizi zaidi. Nilikata simu nikaenda kujisifu kwa mwenzangu gereji.

Baada ya hapo nikaitwa Dar es Salaam kwenye usaili wa filamu. Mwongozaji alikuwa mwanamke wa makamo, mfupi, mwenye kofia ya kukinga jua aliyoivaa hata ndani ya nyumba. Alinipa nafasi ya dereva wa lori anayerudi nyumbani na kukuta mke wake ameshazikwa. Dereva huyo katika filamu nzima hasemi zaidi ya maneno mia. Nikavuta pumzi, nikaingia mlangoni, nikautazama mkeka uliokunjwa. Mshika taa akacheka. Nikarudia, akacheka mbeba vyombo. Mara ya tatu hata mimi nilisikia kitu kinanitekenya shavuni.

Mwongozaji alisimamisha kamera, akaja kunitazama kwa karibu kama mtu anayekagua kiazi. "Uso wako unaomba kuchekwa," akasema. "Hata ukilala utakuwa unaomba. Nakupa wiki tatu. Nenda katafute mtu anayenyamaza kweli, umwangalie. Usiniletee mtu anayejua kwamba anaangaliwa."

Nilirudi nyumbani kwa basi nimefedheheka, lakini pia, nakiri, nikiwa na hamu ya ajabu. Hivi kunyamaza kunakaa wapi mwilini? Nilikuwa nimewasoma watu kwa miaka mingi wakisema, sikuwahi kumsoma mtu asiyesema. Nilijaribu kwanza Mpemba, kwenye foleni ya malori, na sikumpata hata mmoja. Madereva hawanyamazi, wakiishiwa maneno wanapiga mluzi. Wiki ya kwanza ikaniishia nikiwa mikono mitupu, nikaamua kwenda Iyula kupumzika.

Ulikuwa msimu wa kuvuna kahawa. Nilimkuta shangazi amesimama kwenye kichanja, anachambua buni zilizotandazwa kukauka, anatoa zilizopasuka. Nikamwamkia, "Shikamoo shangazi." Akaitika "Marahaba, baba," akanikaribisha, akanipa ugali na maharage, akarudi kwenye kichanja. Nikasubiri maswali. Kwa kawaida ningekuwa nimeshaulizwa ninakula nini, nalala wapi, naoa lini, na kwa nini nimekonda upande mmoja. Hakuuliza hata moja. Alichambua kahawa mpaka jua likashuka, na mimi, badala ya kushtuka, nikaingia ndani kuchukua daftari.

Nilikaa naye wiki mbili. Ile ilikuwa kazi niliyoifanya kwa bidii kuliko zote maishani mwangu, na ndiyo maana inaniuma. Niliandika kwamba anapoitwa hageuki mara moja, kwanza anamalizia punje iliyo vidoleni. Niliandika kwamba mgeni akizungumza, shangazi anaangalia mikono ya mgeni, si uso. Kwamba kuna pumzi moja ndefu inayotoka puani kabla ya neno, halafu neno lenyewe halitoki. Kwamba midomo haibani, inatua tu, na koo ndilo linalofanya kazi. Usiku nilijizoeza mbele ya kioo kidogo cha ukutani. Mchana nilimfuata kila mahali.

Nilimfuata hata kuchota maji, na hapo napo niliona jambo nikalipita. Kijito cha karibu na nyumba, tulichokuwa tunakinywa tangu utotoni, hakuwa akikitumia tena. Alipanda kilima kizima kwenda chemchemi ya mbali na ndoo kichwani. Juu ya kijito walikuwa wamejenga mtambo wa kumenya kahawa, mali ya chama chetu cha wakulima, na maji machafu yenye maganda yalikuwa yanateremka moja kwa moja. Yalinuka kama pombe iliyoharibika. Nikamwambia, shangazi, hili si jambo la kuuliza mkutanoni? Akasema siku hizi haendi mikutanoni, magoti yanamsumbua. Alisema hivyo tukiwa juu ya kilima, ndoo imejaa, na hakuwa anahema. Niliporudi nyumbani nikafungua daftari nikaandika: akidanganya, anatazama chini upande wa kulia.

Niliona uongo, nikauchora vizuri, nikafunga daftari. Sikuuliza kwa nini mama aliyezoea kuwahoji wakubwa adanganye kuhusu magoti. Ningeuliza swali hilo moja, pengine nisingekuwa na haja ya kuandika haya.

Filamu tukaipiga. Siku ya kile kipande cha mkeka uliokunjwa nilimalizia punje iliyo vidoleni, japo hakukuwa na punje, nikatazama mikono ya majirani, nikaitoa ile pumzi. Hakuna aliyecheka. Mwongozaji alivua kofia, akasema tuhamie kipande kinachofuata. Filamu ilipotoka watu wakaipenda kwa namna ambayo sikuizoea: walikuwa wananishika mkono kwa mikono miwili na kunipa pole, kama ni mimi niliyefiwa. Nikapata nafasi kwenye tamthilia ya televisheni, nacheza baba mkwe mgumu, na nikapangisha vyumba viwili Dar. Waandishi waliponiuliza siri ya ukimya ule, niliwajibu kwamba mwigizaji mzuri ni mtu anayependa kujua. Walilipenda jibu langu, na mimi nililipenda zaidi.

Mwaka uliofuata watengenezaji wa ile tamthilia wakataka kitu cha kuchekesha, kirefu, cha kila wiki, kuhusu mama wa kitenge cha bluu. Nikawaambia inawezekana, ila nahitaji kwenda nyumbani kidogo kuongeza mafuta. Ndivyo nilivyosema, kuongeza mafuta.

Nilifika Iyula Jumapili mchana. Shangazi alikuwa amerudi kanisani, amekaa kwenye kigoda uani anamenya maharage mabichi. Tulisalimiana, nikavuta kigoda kingine. Akaniambia filamu ameiona. Jirani mwenye televisheni aliwaalika watu, wakapanga mabenchi, naye akapewa kiti cha mbele kwa kuwa ndiye mama wa mwigizaji.

"Uliionaje?" nikauliza.

"Nilijiona," akasema. Akamenya ganda moja, akamenya la pili. "Baba, kusema kwangu ulikuchukua, nikakaa kimya. Hata kunyamaza kwangu nako umekuchukua?"

Nilitaka ardhi inimeze. Nilianza kusema kitu juu ya sanaa, nikakiacha njiani, na hapo, kwa kuchelewa miaka miwili, nikauliza kilichotokea. Alinieleza bila kupaza sauti. Mkutano wa kwanza baada ya zile klipu kufika kijijini, alisimama kama kawaida yake, akabana kitenge. Kabla hajafungua mdomo mtu wa nyuma akamsemea ule msemo, na ghala zima la chama, tunamokutania, likaangua kicheko. Mwenyekiti naye alicheka, akavaa miwani yake vizuri, akaenda kwenye ajenda nyingine. Mkutano wa pili ikawa vilevile. Hawakuwa na ubaya, shangazi alisema, walikuwa wanafurahi kweli, wengine walikuja kumkumbatia. Alikuwa anataka kuuliza kuhusu ule mtambo, kwamba maji yake yatakwenda wapi, wakati huo bado haujajengwa.

"Mara ya tatu sikusimama," akasema. "Nilikuwaga nikiuliza, mtu anajibu. Sasa nikisimama tu, wameshashiba."

Akainua macho, akanitazama uso wangu badala ya mikono. "Sisi mtu tunamwigiza akishaondoka. Babu yako tulikuwa tumeshamfukia, ndiyo maana nilicheka. Mimi umenivalia nguo niko hapahapa, nachuma kahawa. Watu wakinitazama wanamwona yule wako."

Nililia. Sitajifanya kwamba ni machozi yaliyonidondoka kwa heshima, nililia kwa kelele, na yeye aliniacha nilie mpaka maharage yakaisha. Jioni hiyohiyo nikawapigia wa Dar kuwaambia mama wa kitenge cha bluu hayupo tena. Walidhani natafuta kupandishiwa malipo, na siku kadhaa waliendelea kunibembeleza.

Jumatano ulikuwa mkutano wa chama. Nikamwambia shangazi nitakwenda mimi na kuliuliza lile swali kwa niaba yake. Nilikuwa nimelifikiria vizuri: watu wananisikiliza, sura yangu inajulikana, mwenyekiti mwenyewe ana picha yangu kwenye simu. Shangazi akasema, "Usiende, baba." Nikaenda. Alinifuata kwa mbali, akaingia ghalani na kukaa nyuma karibu na mlango, kati ya wanawake wenzake.

Ghala lilikuwa limejaa, watu wameketi juu ya magunia. Mwenyekiti alinikaribisha kwa mbwembwe, akasema leo tuna bahati, nyota wetu yumo. Wakapiga makofi. Nikasimama, nikasema kwa sauti yangu mwenyewe, ile ya kawaida ambayo hakuna anayeilipia, kwamba maji ya mtambo yanaingia kwenye kijito.

Wakacheka. Nikasubiri watulie, nikasema tena kwamba kina mama wanapanda kilima na ndoo kwa sababu maji ya karibu yananuka. Wakacheka zaidi, mzee mmoja akajipigapiga paja. Nikakaza uso, wakapiga kelele. Nikajaribu ule ukimya wa filamu, wakapiga makofi kwa heshima, kama watu walioonyeshwa mchezo wa pili bure. "Siigizi!" nikasema. "Ndugu zangu, siigizi!" Mtu akajibu kutoka juu ya magunia, "Sigombani!" na mama mmoja akateleza akaketi chini kabisa, mkono kwenye mbavu. Walikuwa wanafurahi kweli. Hakukuwa na uso hata mmoja wenye chuki mle ndani. Magoti yalianza kunitetemeka, yangu mimi, na nikatambua kwamba naweza kusimama pale mpaka kahawa ioze na nisipate mtu mmoja wa kunisikia. Mwenyekiti alikuwa anacheka huku anafungua karatasi ya ajenda inayofuata.

"Mnamcheka nini?"

Ilitoka nyuma, karibu na mlango. Shangazi alikuwa amesimama. Hakubana kitenge, hakunyoosha kiganja, na hakusema kwamba anauliza tu. Sauti ilikuwa ya juu, imekwaruza, sijawahi kuisikia katika maisha yangu yote. "Nauliza nyie! Mtoto amesimama, anatetemeka, mnamcheka nini? Mimi mlinicheka, sawa, nilikaa. Huyu nimemlea. Huyu hamumcheki mbele yangu." Akavua kilemba. Mwanamke wa umri wake kuvua kilemba mbele ya wanaume, ndani ya mkutano, kwetu ni jambo ambalo mtu anaweza kuzeeka bila kuliona. Mvi zikaonekana zote. Alikikunja kile kilemba mkononi, akawa anaelekeza nacho upande wa mtambo, neno kwa neno, na watu waliokuwa wanacheka wakanyamaza, na yule aliyejibu kutoka juu ya magunia akashuka taratibu akaketi sakafuni. Mwenyekiti aliacha karatasi.

Alikuwa ameingia kwenye Kinyiha sasa, halafu anarudi Kiswahili, halafu Kinyiha. Kulikuwa na jinsi alivyokuwa anavuta bega la kulia juu kidogo kabla ya kilemba kupiga hewani, na ukwaruzo fulani mwishoni mwa kila sentensi, kitu kipya kabisa, na nikahisi bega langu mwenyewe linapanda. Vidole vyangu vilikuwa vimeshaanza kukunja kitambaa ambacho hakipo. Nikakaa juu ya gunia. Nikainamisha kichwa, nikatazama sakafu ili nisimwone, nikamsikiliza.

Alikuwa anazungumzia maji.